Kutafuta Picha za Kale kwa Filamu za Hali Halisi

Filamu ya hali halisi, yaani ile isimuliayo mambo yaliyotukia kweli, haiwezi kupiga picha ya jambo lililokwisha kupita. Kwa hiyo mtengenezaji humtegemea mtafutaji, ambaye kazi yake ni kuingia katika hifadhi na kutoa humo vipande vilivyopigwa zamani. Wengi hudhani kwamba kazi hiyo huisha picha ipatikanapo. Kwa hakika ndipo ianzapo.

Mfano mmoja ni mpango wa sinema za elimu ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, uliofanywa kati ya mwaka 1935 na 1937, makao yake yakiwa Vugiri, katika milima ya Usambara. Chini ya L. A. Notcutt na G. C. Latham zilitengenezwa filamu zipatazo 35 juu ya afya, kilimo na mambo mengineyo, nazo zikaonyeshwa katika nchi kadha za Afrika ya Mashariki na ya Kati. Zijulikanazo kuwa zimesalia ni tatu tu, nazo zimo katika hifadhi ya British Film Institute, Uingereza.

Mtafutaji wa filamu kama hizo hukabiliwa na mambo matatu. La kwanza ni majina. Orodha za hifadhi mara nyingi hufuata majina ya siku zile. Atafutaye "Tanzania", "Malawi" au "Zambia" huenda asipate kitu, mpaka aulize Tanganyika, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. La pili ni haki. Mwenye kutunza ukanda si lazima awe ndiye mwenye haki ya kuruhusu utumike. La tatu, nalo ndilo zito kwa wanalugha, ni sauti. Picha za Vugiri zilikuwa katika ukanda, lakini maneno, ya Kiswahili na ya lugha nyinginezo, yalitiwa katika santuri, mbali na ukanda. Basi kupata ukanda si kupata maneno yake.

Hapo ndipo penye hatari, kwa kuwa picha iliyotengwa na maneno yake hukubali maneno yoyote. Moja katika zile filamu tatu yafundisha juu ya safura. Mtu aliyepigwa picha humo mwaka 1936 aweza kutiwa leo katika habari ya njaa, na mtazamaji akasadiki.

Kwa sababu hiyo yampasa mtafutaji aandike, kwa kila kipande, nani alikipiga, wapi, lini, kwa nia gani, na watazamaji wa kwanza walisemeshwa kwa lugha gani. Na pale maneno ya asili yasipopatikana, ni haki mtazamaji aelezwe waziwazi kwamba ayasikiayo ni maneno ya leo.