Picha za Sinema Zisizo na Sauti

Katika masoko ya Kisii na Nyamira siku hizi kijana huinua simu yake akapiga picha za arusi, na kabla ya jua kutua jamaa zake walio Nairobi wamekwisha kuzitazama. Zamani haikuwa hivyo. Utepe wa sinema kwa kawaida ulikuwa na upana wa milimita 35, nao ulikuwa wa namna ishikayo moto upesi mno, hata kazi ile ikawa ya makampuni. Mwaka wa 1923 kampuni ya Kodak ya Marekani ilitoa utepe wa milimita 16 usio na hatari hiyo. Ndipo watu wasio mafundi wakaanza kujipigia picha, ingawa futi 100 za utepe zilitosha kwa dakika 4 hivi tu.

Huku kwetu mtu wa kutajwa ni L. A. Notcutt, aliyekuwa msimamizi wa mashamba ya mkonge. Kuanzia mwaka wa 1935 hadi 1937 yeye na G. C. Latham walitengeneza picha 35 huko Vugiri, katika milima ya Usambara, kwa fedha za Carnegie Corporation. Walitumia utepe huo mdogo, na waigizaji walikuwa Waafrika. Kisha wakazitembeza kwa lori katika Tanganyika, Kenya, Uganda na nchi za kusini.

Utepe wao haukuwa na sauti. Maneno yalitiwa katika sahani za santuri. Faida yake ilikuwa kubwa, kwani picha ile ile ya ugonjwa wa safura yaweza kuelezwa kwa Kiswahili leo, na kesho kwa Kigusii. Lakini msemaji akipunguza neno au akiongeza la kwake, mtazamaji atajuaje? Wafasiri twaijua sana nguvu hiyo.

Katika picha zile 35, zijulikanazo kubaki ni tatu tu, nazo zimehifadhiwa Uingereza: ya safura, ya mafunzo ya uganga wa mifugo, na ya mashamba ya Kingolwira karibu na Morogoro.

Utepe wa namna hii huoza wenyewe. Ukifungua mkebe wa zamani, shuleni au katika nyumba ya misheni, ukasikia harufu kali ya siki, jua kwamba kuoza kumeanza. Usiupitishe katika mtambo, maana utakatika, na mara nyingi hakuna nakala ya pili. Uweke mahali pakavu, kisha upeleke habari kwa Hifadhi ya Nyaraka za Taifa, Nairobi. Baridi ya Kisii yaufaa utepe. Unyevu wake haufai.