Mohamed Amin na Kazi ya Kamera

Wasomaji wetu wa Tanga wapandao milima ya Usambara kutoka Korogwe huenda wakafika Vugiri wasijue kwamba tangu 1935 hata 1937 palikuwa na kiwanda cha picha za sinema hapo. Alikiendesha Meja Notcutt, Mwingereza aliyepata kusimamia mashamba ya mkonge. Zilitengenezwa filamu fupi kama 35, za kilimo, afya, kodi na kadhalika, zikachukuliwa kwa lori na kuonyeshwa wananchi. Wazo hilo lilimjia bwana huyo mwaka 1926 akiwa shambani, alipoona kwamba sinema yaweza kusaidia kuwafanya vibarua waridhike. Mwafrika alisimama mbele ya kamera. Wapi kamera itazame, aliamua mwingine.

Kwa hiyo twaona yafaa kumkumbuka Mohamed Amin, ambaye aliishika kamera hiyo akiwa mtoto wa nchi hizi hizi. Alizaliwa Eastleigh, Nairobi, mwaka 1943, baba yake mfanyakazi wa reli, akakulia Dar es Salaam. Alianza na kamera kuukuu ya Box Brownie angali mwanafunzi, na mwaka 1963 akafungua Camerapix papo hapo Dar es Salaam.

Januari 1964 alipiga picha za Mapinduzi ya Unguja, zikaonekana duniani. Baadaye Unguja hiyo hiyo ilimtia gerezani karibu mwezi mzima, kisha ikamfukuza, naye akahamia Nairobi. Hatuoni sababu ya kulificha jambo hilo. Mpiga picha asiyewahi kuwaudhi wakubwa, hatuna hakika kama amefanya kazi yake.

Hakuwa mtu wa kazi moja. Picha zake za kifo cha Tom Mboya, Julai 1969, zilimpatia tuzo huko Uingereza. Alipiga picha za mahujaji wa Makka, za wanyama, za Ziwa Turkana, na mwaka 1984 kikatoka kitabu cha picha za safari katika Tanzania.

Lakini mwaka huo huo wa 1984 ndio uliomfanya ajulikane hata na wasiojua jina la mpiga picha yeyote. Mwezi Oktoba alifika Korem, Ethiopia, pamoja na Michael Buerk wa BBC, wakakuta maelfu ya watu wenye njaa wamelala uwandani katika baridi ya alfajiri. Kamera ya Amin haikufanya haraka. Ilipita polepole juu ya nyuso, ikamngoja mama aliyempakata mtoto, ikamwacha mtazamaji bila pa kukimbilia. Tarehe 23 picha hizo zilionyeshwa London, kisha zikarushwa na vituo zaidi ya 400 vya televisheni. Misaada iliyofuata, na tamasha kubwa la muziki la Julai 1985, chanzo chake ni asubuhi hiyo.

Sasa tuseme juu ya gharama. Juni 1991 ghala la silaha lililipuka Addis Ababa wakati Amin na wenzake wakipiga picha. Alipoteza mkono wa kushoto. John Mathai, fundi wake wa sauti, alikufa pale pale. Jina la Mathai halitajwi mara nyingi, nasi twawaomba wafanyakazi wenzake wa kila kazi walishike. Amin alifungwa mkono wa bandia, akarudi kazini.

Tarehe 23 Novemba 1996 alipanda ndege ya Ethiopia kwenda Nairobi. Ilitekwa nyara, ikaishiwa mafuta, ikaanguka karibu na Ngazidja, katika bahari hii hii ipigayo fukwe za Pangani na Tanga. Katika watu 175 waliokuwamo walikufa 125, na Amin mmoja wao. Mgeni aliyekuwa ufukweni aliipiga picha ndege ikianguka, na zile picha zikaonyeshwa katika televisheni za dunia nzima.