Risasi Nyepesi ya Uluguru

Kihonda, hapa Morogoro, kama mitaa mingi ya Tanzania, hakosekani mtu wa kukusimulia habari za mali za Mjerumani. Ziko rupia, ati, zilizofukiwa chini ya mibuyu na kwenye misingi ya majengo ya zamani. Iko zebaki nyekundu inayokaa ndani ya redio na cherehani za kale: haionekani kwenye kioo, hukimbia kitunguu saumu, huifuata dhahabu. Mwaka 2009 uvumi huohuo uliikumba Saudi Arabia, watu wakagombania cherehani chakavu za Singer kwa maelfu ya riyali. Wakala wa Kimataifa wa Nguvu za Atomiki umeshatamka kwamba zebaki nyekundu haipo, lakini matapeli bado wanakula kwa jina lake.

Kinachoniuma ni kwamba wakati tunaibiwa kwa mali isiyokuwepo, ile iliyokuwepo kweli tumeisahau. Milima ya Uluguru, ambayo ukiwa Kihonda unaiona upande wa kusini pindi mawingu yakipanda, iliwahi kutoa jiwe lililowafanya wanasayansi waulize upya nini hasa kinafanya metali ya risasi iwe risasi. Na hilo Mjerumani alilichukua.

Wakati wa ukoloni wao, Wajerumani walichimba ulanga huko Uluguru, yale madini yanayobanduka karatasi karatasi. Ulanga hukaa ndani ya miamba iitwayo pegmataiti, ambayo ni mabaki ya mwisho ya ujiuji wa moto uliopoa polepole chini sana ardhini. Mabaki hayo hukusanya elementi ambazo miamba mingine imezikataa, urani ikiwemo. Ndani ya mashimo ya ulanga yakaonekana mawe meusi, mazito kuliko chuma, yenye pande zilizonyooka. Hayo ni uraninaiti, oksidi ya urani. Baadhi yake yalikuwa yamevaa ganda la unga wa manjano hafifu.

Mwaka 1906 mkemia Willy Marckwald wa Berlin alieleza kwamba lile ganda ni madini mapya. Maji ya mvua yenye hewa ya kaboni dayoksaidi yalikuwa yamelila jiwe jeusi taratibu na kuligeuza kuwa kaboneti ya urani. Mahali pengine mageuzi yalikuwa yamepenya huku umbo la fuwele la zamani likibaki vilevile, pande na pembe zake, ila dutu ndani imekuwa nyingine. Marckwald aliyaita madini hayo rutherfordini, kwa heshima ya Ernest Rutherford, mwana wa New Zealand aliyekuwa wakati huo akifundisha Montreal. Baadaye yalipatikana kwingineko pia, ukiwemo mgodi wa Shinkolobwe kule Katanga, lakini katika vitabu vya madini duniani kote chimbuko lake limeandikwa Morogoro.

Jina hilo halikutolewa bure. Miaka michache kabla, Rutherford na mwenzake Frederick Soddy walikuwa wameonyesha kwamba atomu za elementi nururishi huvunjika zenyewe na kuwa elementi nyingine. Kwa mkemia wa siku zile hilo lilikuwa karibu na kufuru: elementi ndiyo iliyokuwa kitu kisichobadilika. Sasa urani ilikuwa inapungua ndani ya jiwe, na mwisho wa safari yake ulikuwa risasi.

Hesabu yenyewe mwanafunzi wa sekondari anaimudu. Atomu ya urani ina uzito wa 238. Njiani hutupa viini 8 vya heliamu, kila kimoja kikiwa na uzito wa 4, jumla 32. Inabaki 206. Lakini risasi ya kawaida, ya mabomba na ya betri, uzito wake wa atomu ni 207.2. Soddy na Kasimir Fajans walisema kwamba zote mbili ni risasi halali, zinakaa chumba kimoja katika jedwali la elementi, ila uzito tofauti. Soddy aliziita isotopu. Wengi hawakuamini.

Ilibidi mtu apime, na jiwe safi kuliko mengi lilikuwa la Morogoro. Kazi hiyo ilifanywa na mkemia Otto Hönigschmid pamoja na Stefanie Horovitz, binti wa Warsaw aliyekuwa katika Taasisi ya Radiamu ya Vienna. Mawe waliyeyusha kwa asidi, wakaitenga risasi, wakaifanya kloridi, wakaifuwelisha tena na tena hadi hakuna uchafu uliobaki, kisha wakailinganisha na fedha safi kwenye mizani. Kosa dogo mno lingetosha kuharibu yote, kwa kuwa tofauti waliyoitafuta haifiki hata asilimia moja.

Kati ya 1914 na 1915 jibu lilitoka: 206.046. Kikemia risasi hiyo haikuwa na tofauti na risasi ya kawaida, kila kipimo kilisema hivyo, lakini ilikuwa nyepesi kuliko risasi inavyotakiwa kuwa. Vita Kuu ilikuwa imeshaanza, na Agosti 1916 majeshi ya Uingereza yaliingia Morogoro. Horovitz hakupata sifa aliyostahili. Alikuwa Myahudi, na mwaka 1942 Wanazi walimuua katika kambi ya Treblinka.

Risasi hiyo nyepesi ni saa pia. Nusu ya urani yoyote ya uzito wa 238 hugeuka katika miaka bilioni 4.47, haiharakishwi na moto wala kucheleweshwa na baridi, kwa hiyo ukipima urani iliyobaki na risasi iliyozaliwa utajua jiwe lilipoganda. Uraninaiti ya Uluguru inatupeleka miaka milioni 600 hivi nyuma, enzi ya migongano ya mabara iliyojenga ukanda mrefu wa miamba ya Afrika Mashariki. Katika muda wote huo ni kama atomu 9 tu za urani katika kila 100 zilizogeuka.

Anayekuta jiwe jeusi zito lenye unga wa manjano asilisage wala asiliweke chumba cha kulala. Vumbi lake na gesi ya radoni inayotoka ndani yake hudhuru mapafu. Apeleke habari kwa afisa madini au Tume ya Nguvu za Atomu Tanzania.

Jedwali la elementi lililobandikwa darasani bado linaonyesha 207.2 kwenye chumba cha risasi. Tangu 2021, shirika la kimataifa la kemia, IUPAC, limeacha kuipa risasi namba moja. Sasa linatoa masafa, kuanzia 206.14 hadi 207.94, kwa sababu uzito wake hutegemea inakotoka. Risasi ya Morogoro, kwa kipimo cha Horovitz na Hönigschmid, iko chini hata ya ukomo huo wa chini.