Habari za Kinanda na Pembe za Ndovu

Miaka kadha wa kadha iliyopita nalifundisha katika shule moja kando ya Ziwa Victoria, si mbali na Mwanza. Shule hiyo ilikuwa na kinanda cha kukanyaga kwa miguu. Siku moja panya waliitafuna ngozi ya mivukuto yake, nacho kikawa kimya kabisa. Nikakifungua ili nikitengeneze, na wanafunzi wakanizunguka watazame. Mmoja wao, mtoto mwenye kupenda kuuliza, akavitazama vile vibao vyeupe na vyeusi, kisha akasema, "Mwalimu, vinanda vyote vimetoka Ulaya. Je, sisi hatuna kitu chetu ndani yake?"

Siku ile sikuweza kumjibu, maana sikujua vema. Nikatafuta habari, na hizi ndizo nilizozipata. Zisomeni kwa makini, na mwishoni mtaweza kumjibu ninyi wenyewe.

Kwanza tutazame jinsi sauti inavyotoka. Mnazijua ala tatu za kwetu. Ya kwanza ni filimbi, nayo hulia kwa pumzi. Ya pili ni marimba ya mkononi, yenye ndimi za chuma zinazobonyezwa kwa vidole gumba. Ulimi ukiachiwa hutetemeka, ukatoa sauti. Ya tatu ni enanga ya Wahaya na Wakerewe, ambayo nyuzi zake zimetandwa juu ya ubao uliochongwa kama chano. Basi, vinanda vingi vya zamani vyenye vibao hutumia mojawapo ya njia hizo tatu: filimbi, ulimi, au uzi. Kazi ya kibao ni hii tu, kwamba kidole kimoja kiamuru sauti moja, na vidole kumi viweze kuamuru sauti nyingi pamoja.

Tena jina lenyewe "kinanda" ni la zamani. Watu wa pwani waliita hivyo ala za nyuzi, kama gambusi. Vilipokuja vyombo vya Wazungu, wakaviita kwa jina lilo hilo.

Sasa sikieni jambo la ajabu. Kinanda cha kwanza chenye vibao kilitengenezwa katika bara letu la Afrika. Maji ya ziwa letu hutoka karibu na Jinja, katika nchi ya Uganda, yakawa mto Naili, ambao hupita Sudani na Misri hata kuingia katika Bahari ya Kati. Huko mwisho wa safari yake, upande wa magharibi wa midomo ya mto, uko mji wa Aleksandria, uliojengwa na Wayunani katika nchi ya Misri. Katika karne ya 3 kabla ya Kristo alikaa humo fundi mmoja Myunani, jina lake Ctesibius, mwana wa kinyozi. Alitaka filimbi nyingi zilie kwa pumzi isiyokwisha, maana mwanadamu akipuliza sana huchoka. Akafanya pampu ya kusukuma upepo ndani ya chombo kilichofunikwa katika maji. Uzito wa maji uliubana upepo sawasawa, usizidi wala usipungue. Kibao kilipobonyezwa kilifungua njia, upepo ukaingia katika filimbi yake, nayo ikalia. Huo ndio mwanzo wa ogani.

Chombo hicho kilienea katika dola ya Warumi. Baadaye mafundi waliacha kutumia maji, wakatumia mivukuto, mfano wa mivukuto ya wahunzi Warongo wa Uzinza. Mwaka 757 mfalme mkuu wa Konstantinopoli alimpelekea Pepin, mfalme wa Wafranki, ogani kuwa zawadi. Hata baada ya miaka mingi ogani ikawa chombo cha makanisa makubwa ya Ulaya.

Lakini ogani ni kubwa na nzito, haifai kuwekwa katika kila nyumba. Kwa hiyo mafundi wa Ulaya walijaribu kuunganisha vibao na nyuzi. Katika karne ya 15 walikuwa na vinanda vya namna mbili. Cha kwanza huitwa klavikodi. Ukibonyeza kibao, kipande kidogo cha shaba huinuka na kuugusa uzi. Sauti yake ni tamu, ila ni ndogo mno. Watu wakizungumza chumbani haisikiki. Cha pili huitwa hapsikodi. Ndani yake kila uzi hukwanyuliwa na ncha ya unyoya wa ndege, kama vile mpigaji wa enanga anavyokwanyua kwa kidole. Hapsikodi moja iliyotengenezwa na Jerome wa Bologna mwaka 1521 ingali imehifadhiwa huko London. Sauti ya hapsikodi ni kubwa kuliko ya klavikodi, lakini ina kasoro: ukibonyeza kwa nguvu au kwa upole, sauti ni ile ile. Mpigaji hawezi kunong'ona, wala hawezi kupaza sauti.

Basi alikuwako Italia fundi mmoja, jina lake Bartolomeo Cristofori, aliyezaliwa katika mji wa Padua mwaka 1655. Mwaka 1688 alianza kazi kwa mwana wa mtawala wa Florence, ili avitengeneze na kuvitunza vinanda vyake. Fundi huyo alifikiri hivi: uzi usikwanyuliwe, bali upigwe kwa nyundo ndogo. Hapo mkono wa nguvu utatoa sauti ya nguvu, na mkono wa upole utatoa sauti ya upole.

Jambo hilo ni jepesi kusema, bali ni gumu kutenda. Fanyeni jaribio hili. Pigeni kengele ya shule kwa kipande cha chuma, kisha mkiache chuma hicho kimeigandamia kengele. Sauti itakufa papo hapo. Mkitaka kengele ivume, sharti chuma kirudi upesi. Ndivyo ilivyo kwa uzi. Nyundo ikikaa juu ya uzi huuziba. Lakini kidole cha mpigaji bado kimebonyeza kibao; nyundo itarudije? Cristofori alitengeneza kijiti cha kuisukuma nyundo juu, ambacho huponyoka nyundo inapokaribia uzi. Hivyo nyundo hurushwa kama jiwe la kombeo. Hupiga, kisha huanguka yenyewe. Tena aliweka kipande laini juu ya kila uzi, ili kidole kikiinuka sauti izimwe.

Orodha ya mali ya mwaka 1700 inakitaja chombo hicho kipya kuwa hutoa sauti ndogo na sauti kubwa. Kwa Kiitalia sauti ya upole ni "piano" na sauti ya nguvu ni "forte". Kutoka maneno hayo tumepata jina la piano. Piano tatu za mkono wake zingaliko mpaka leo. Ile ya mwaka 1720 iko New York, nayo ina vibao 54. Piano za siku hizi kwa kawaida zina vibao 88, vyeupe 52 na vyeusi 36.

Watu hawakuipenda mara moja. Huko Ujerumani fundi Gottfried Silbermann alitengeneza piano, akamwonyesha Johann Sebastian Bach, bingwa wa ogani. Bach akasema kwamba sauti za juu ni dhaifu, na vibao ni vizito kwa vidole. Silbermann alichukizwa, lakini alirudi kazini, akarekebisha makosa hayo. Mwaka 1747 Bach alizipiga piano za fundi huyo mbele ya mfalme wa Prussia. Fundi anayekubali kusahihishwa, kazi yake hudumu.

Kisha wapigaji walitaka sauti kubwa zaidi. Nyuzi zikafanywa nene, zikakazwa sana, hata viunzi vya mbao vikaanza kupinda. Mwaka 1825 Alpheus Babcock wa Boston, Marekani, alipata hati ya kiunzi cha chuma kilichomiminwa kipande kimoja. Leo nyuzi zote za piano kubwa huvuta kwa nguvu kama uzito wa tani 20, na bila chuma hicho chombo kingevunjika.

Sasa tunafika kwetu. Katika karne ya 19 watu wengi wa Ulaya na Marekani walitaka piano majumbani mwao. Vibao vyeupe vilifunikwa kwa pembe za ndovu, zilizopasuliwa vipande vyembamba sana. Pembe ni nyororo, tena hunyonya jasho, kidole kisiteleze. Mafundi walipenda hasa pembe za Afrika ya Mashariki, kwa kuwa ni laini kukatwa. Je, pembe hizo zilitoka wapi? Zilitoka bara, katika nchi zilizo kando ya maziwa, katika Unyamwezi, na mbali zaidi huko Kongo. Zilikusanywa Tabora na Ujiji, zikachukuliwa mabegani mpaka Bagamoyo, safari ya miguu ya miezi. Mzigo wa kawaida wa mpagazi ulikuwa kama ratili 60 au 70. Wengi wa wapagazi hao, hasa Wanyamwezi na Wasukuma, walikuwa watu huru waliokwenda kwa ujira. Lakini wako pia waliokuwa watumwa, na biashara ya pembe na biashara ya watu zilishikana mikono katika njia zilezile. Wengi walikufa njiani kwa njaa, ndui na vita.

Kutoka Bagamoyo pembe zilivushwa mpaka Unguja, zikauzwa kwa wafanya biashara wa Marekani na wa nchi nyingine. Huko Connecticut iko miji midogo miwili, Deep River na Ivoryton, iliyopata utajiri kwa kuzipasua pembe hizo na kuzianika juani ndani ya nyumba za vioo, mpaka ziwe nyeupe. Jina Ivoryton maana yake ni mji wa pembe. Mtoto wa kule aliyejifunza piano alikigusa kitu kilichobebwa na babu zetu, wala hakujua.

Na ndovu je? Kila jozi ya pembe ilikuwa uhai wa mnyama mmoja. Biashara hiyo iliendelea hata ndovu wakapungua sana. Mwaka 1989 mataifa mengi yalikubaliana kukataza biashara ya pembe kati ya nchi na nchi, na Tanzania ilikuwa mojawapo ya nchi zilizoomba jambo hilo. Siku hizi vibao vya piano mpya hufunikwa kwa plastiki, na muziki haukupungua utamu.

Kinanda kile cha shule yetu hakikuwa piano, bali harmoniamu. Alexandre Debain alipata hati ya harmoniamu huko Paris. Haina nyuzi wala nyundo. Miguu husukuma mivukuto, na upepo hutetemesha ndimi za shaba, zilizo ndugu wa ndimi za marimba. Kwa kuwa ni nyepesi kuchukulika, na ndimi zake hazilegei upesi kwa joto kama nyuzi, ilifaa sana kwa safari na kwa shule za mbali.

Nilishona mivukuto kwa ngozi laini ya mbuzi, nikaibandika kwa gundi, na siku ya tatu kinanda kikalia tena. Ndipo nikamwita yule mtoto, nikamwambia, "Uliniuliza kama tuna kitu chetu ndani ya vinanda. Wazee wetu walikuwa na uzi, ulimi na filimbi kabla ya kinanda hiki kufika. Kinanda cha kwanza kililia mahali maji ya ziwa letu yanapokwenda. Na weupe wa piano za zamani ulikuwa mzigo wa mabega ya babu zetu, wengine kwa ujira, wengine kwa minyororo." Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Basi, Mwalimu, nifundishe kukipiga."

Wahenga walisema, Kidole kimoja hakivunji chawa. Hakuna taifa moja lililotengeneza piano peke yake. Mkisikia sauti yake, wakumbukeni mafundi ambao majina yao yameandikwa, na wapagazi ambao majina yao hayakuandikwa.

Maswali

1. Kwa nini nyundo ya piano haina budi kurudi upesi baada ya kuupiga uzi?
2. Hapsikodi ilikuwa na kasoro gani?
3. Eleza safari ya pembe ya ndovu kutoka bara mpaka Marekani.
4. Taja ala moja ya nyumbani kwenu, ueleze sauti yake inavyotoka.