Vidonge vya kunenepesha: Mashavu hujaa, afya huharibika

Mchuma chai mmoja kutoka Sigowet, Kericho, alikuja kuniona akilalamika kiu na uchovu. Uso wake ulikuwa wa mviringo, unang'aa, lakini mikono na miguu ilikuwa myembamba. Nilipopima damu, sukari ilikuwa juu.

Baada ya mazungumzo marefu alitoa mkobani pakiti ya vidonge visivyo na jina. Alikuwa akijiandaa kuolewa, na jamaa za mchumba wake walisema yeye ni njiti, hatabeba mimba. Mchuuzi alimuuzia "dawa ya kunenepa".

Kadi yake ya zamani ilionyesha kilo 49, naye ana urefu wa mita 1.60. Msomaji, unaweza kujipima mwenyewe. Zidisha urefu wako kwa urefu huo huo, kisha ugawanye kilo zako kwa jibu hilo. Mtu mzima akipata kati ya 18.5 na 24.9, uzito wake unafaa. Dada huyu alikuwa na 19.1. Hakuwa na upungufu wowote.

Mambo haya si mapya. Mwaka 1861 msafiri Mwingereza John Hanning Speke aliwakuta wake wa jamaa ya mfalme wa Karagwe, katika Tanzania ya leo, wakinyweshwa maziwa hadi wakashindwa kusimama. Kisha katika miaka ya 1980 ukaja Ukimwi, ambao nchini Uganda uliitwa "Slim". Tangu hapo, mtu akikonda majirani hunong'ona. Wengi hununua vidonge ili kuziba midomo ya watu. Lakini siku hizi anayetumia dawa za virusi vizuri anaweza kuwa mnene na mwenye nguvu. Umbo halisemi nani ameambukizwa. Kipimo ndicho husema.

Vidonge hivyo ni nini? Mara nyingi ni deksamethasoni au prednisoloni, dawa nzuri zinapoandikwa na daktari kwa magonjwa kama pumu kali. Mtu akizitumia ovyo, mafuta hujikusanya usoni, shingoni na tumboni, huku nyama za mikono na mapaja zikipungua. Sukari na presha hupanda, mifupa hulegea, na kifua kikuu kilicholala mwilini huweza kuamka. Vingine ni siproheptadini, dawa ya mzio inayoongeza hamu ya chakula lakini pia huleta usingizi, jambo la hatari kwa dereva au anayeshika mashine.

Ikiwa kweli unakonda, tafuta sababu kwanza. Yaweza kuwa kifua kikuu, kisukari, tezi ya shingo, minyoo au huzuni iliyoua hamu ya kula. Wengine hukonda kwa sababu huenda shambani alfajiri na kikombe cha strungi tu, wakala tena alasiri. Kula mara tano kwa siku: uji wa wimbi wenye maziwa na karanga, mayai, maharagwe, omena, parachichi. Chai uinywe saa moja baada ya chakula, kwa kuwa huzuia madini ya chuma kuingia mwilini. Nusu kilo kwa wiki ni mwendo mzuri.

Nanyi jamaa, acheni kuhesabu mbavu za wasichana. Tumbo la uzazi halipimwi kwa makalio.

Onyo la mwisho ni kubwa kuliko yote. Ukiwa umetumia vidonge hivi kwa wiki kadhaa, usiviache ghafla. Tezi zilizo juu ya figo huwa zimelala, na mtu anaweza kutapika, kuzirai, hata kufa. Vibebe pamoja na pakiti yake umwone daktari, akupunguzie dozi hatua kwa hatua. Usione haya. Dada yule wa Sigowet alipunguziwa hivyo, na uso wake ukaanza kurudi.