Walipokataa kusemewa

Nabil Shaban alizaliwa Amman, Jordan, mwaka 1953, akiwa na maradhi ya mifupa kuvunjika kwa wepesi. Akali mdogo alipelekwa Uingereza kutibiwa, akakulia mahospitalini na katika makao ya watoto. Alitamani uigizaji, lakini majukwaa ya wakati ule hayakuwa na nafasi kwa mtu wa kiti cha magurudumu. Hata mhusika mlemavu alipohitajika, mara nyingi aliigizwa na mwenye viungo kamili.

Mwaka 1980 yeye na mwalimu Richard Tomlinson wakaasisi Graeae, kundi la waigizaji wenye ulemavu. Mchezo wao wa kwanza waliuita Sideshow, jina la yale maonyesho ya zamani ambamo watu wenye maumbile tofauti walitazamwa kwa kiingilio. Safari hii waliozoea kutazamwa ndio waliosema.

Hapo ndipo tunapouona uzito wa jambo hili. Nani kati yetu hajamsikia mgeni akimwuliza mama, “Huyu naye anakula nini?”, ilhali kijana mwenyewe ameketi papo hapo, anasikia, na jibu analo? Huruma ya namna hii, pamoja na nia yake njema, humpora mtu ulimi wake.

Mwaka 1997 uongozi wa Graeae ulikabidhiwa Jenny Sealey, mwanamke kiziwi. Kwake yeye lugha ya ishara na maelezo kwa wasioona si nyongeza ya pembeni, bali ni sehemu ya mchezo wenyewe. Mwaka 2012 alikuwa mmoja wa waongozaji wawili wa sherehe ya ufunguzi wa Michezo ya Paralimpiki, London.