Rauta mbili zenye adresi moja: kwa nini intaneti inakataa
Taa za Wi-Fi zinawaka, simu zinaonyesha mtandao, lakini hakuna ukurasa unaofunguka. Tangu ARPTC ilipoipa Starlink ruhusa ya kufanya kazi nchini Congo, mwezi wa tano 2025, ofisi inayounganisha rauta yake ya zamani nyuma ya ile mpya inaweza kujikuta hapo.

Mara nyingi chanzo ni adresi. Rauta ya Starlink inatumia 192.168.1.1, na rauta nyingi za madukani ni hivyo hivyo. Ile ya ndani inaona adresi zilezile pande zote mbili, na ujumbe wa kwenda nje unakwama. Ibadilishie adresi, kwa mfano 192.168.10.1, kisha zima na kuwasha mashini zote.

Hapo tatizo la pili linaweza kuzaliwa. Ofisi zinazosimamia antena zao kwa programu ya UniFi huenda zikaona zote zimeandikwa kuwa zimekatika, ingawa watu bado wanatumia Wi-Fi. Antena hazijakufa: zinaitafuta kompyuta ya usimamizi kwenye adresi yake ya zamani. Wengine wanakimbilia kitufe cha kufuta kila kitu, kazi bure. Ingia katika kila antena kwa SSH, uipe adresi mpya kwa amri ya set-inform, na porti 8080 ibaki wazi.

Programu hiyo inaweka habari zake katika MongoDB, na umeme ukikatika ghafla zinaweza kuharibika. Katika miji yetu, umeme hauagi. Nakala iwekwe nje ya kompyuta hiyo, hata kwenye fleshi, kabla ya kugusa chochote.